Upara wa Bhujangi

Bhujangi alikuwa haalikwi matanga, alijialika. Siku ya kumi na tatu ya msiba wa mzee Ramayan, karani wa ofisi ya umwagiliaji pale Muzaffarpur, Bhujangi alikuwa kwenye puri yake ya tisa, vile vimkate vya kukaanga vya matanga, aliposikia wanawake wakinong'ona: marehemu kafia kazini, kaacha mjane na binti, mtoto wa kiume hana. Puri ikamkwama kooni kwa furaha.

Maana serikali ina huruma, tena ya maandishi: mtumishi akifa kazini, mmoja kati ya waliomtegemea hupewa kazi. Mmoja tu. Na Bhujangi hajawahi kuona kiti kitupu akabaki amesimama.

"Mama Phulmati," alimwambia mjane, uso umejaa huzuni aliyoivaa mlangoni, "nyie wawili mtaambiwa 'njooni Jumatatu' mpaka mtolewe kwenye nyumba hii ya serikali. Faili linataka mwanamume wa kulisukuma. Nifanye mwanao! Nina mtu anapika hati ya kuasili mtoto, tarehe ya miaka ishirini nyuma. Nikishaajiriwa, nusu ya mshahara ni yako."

Hiyo nusu, moyoni, alishaila.

Mjane alifuta machozi. "Mwana wa marehemu, na minywele yote hiyo? Kwetu mwana akifiwa na baba hunyoa. Watu watasemaje, mwanangu?"

Kinyozi akaitwa. Nywele za Bhujangi, ambazo ndizo zilikuwa nusu ya utapeli wake, zikaenda na ufagio. Sugandha, yule binti, alikimbilia jikoni mabega yakimtetemeka. Bhujangi akadhani analia. Hati ilipopikwa, akamkabidhi mama aitie kwenye faili.

Kila zikichipua, mama anaita kinyozi. "Ofisini wakuone bado una msiba." Kila asubuhi anamkabidhi faili limefungwa kwa utepe mwekundu. "Usiguse fundo. Ni la marehemu, lina mkosi."

Bhujangi akasukuma. Tarishi alipelekewa tambuu, karani mkuu alipelekewa umbea mbichi wa jirani zake, na mihuri ikadondoka kama mvua. Faili la kulala miaka sita likafika mezani kwa bwana mkubwa kwa miezi minne.

Bwana mkubwa akawaita wote watatu, akasoma: "Binti Sugandha, karani msaidizi. Aripoti Jumatatu."

"Mheshimiwa, hebu futa miwani usome tena!"

"Kwani wewe ni nani katika familia hii?"

Bhujangi akamgeukia mjane, sauti chini. "Mama, hati yangu iko wapi?"

"Ile? Niliwashia jiko siku ile ile uliyonipa, wino hata haujakauka." Mama Phulmati alinong'ona, akitengeneza ushungi wake. "Marehemu kashughulika na mafaili haya haya miaka ishirini na miwili, na macho yake mabovu. Ulidhani nani alikuwa anamwandikia usiku?"

"Nimeuliza, wewe ni nani?" bwana mkubwa akafoka.

Bhujangi akapapasa upara. Akiitaja ile hati, polisi wako ng'ambo ya barabara.

"Ni kaka yangu," Sugandha akadakia. Akatoa uzi mwekundu wa sikukuu ya kaka na dada, iliyokuwa kesho yake, akamfunga mkononi mbele ya ofisi nzima. Kisha akakinga kiganja. "Haya kaka, usinitie aibu. Uzi haufungwi bure."

Makarani wote wanatazama. Tarishi wa tambuu anatazama. Bhujangi akavua saa yake, akampa.

Jioni alikuwa jikoni kwa Mama Phulmati, anamega litti ya moto, donge la unga lililochomwa makaani, na kunung'unika. Hakuna aliyemwalika. Mwana haalikwi.