Taa ya Alama na Koti la Hakimu

Jumatatu, 3 Machi

Miaka kumi na miwili! Miaka kumi na miwili nimekaa kwenye cherehani ya mlangoni, vumbi lote la barabara mgongoni mwangu, na leo Mjomba anasimama katikati ya karakana kutangaza kwamba ufunguo utashindaniwa. Macho yake yamechoka, anataka kupumzika. Hakimu ameagiza makoti mawili. Moja nishone mimi, la pili ashone Sindano. Jumamosi Hakimu atayajaribu yote, na mshindi atachukua karakana pamoja na vile vyumba viwili vya uani.

Sindano! Binti wa mama mdogo, niliyemfundisha mwenyewe kutia uzi. Mwembamba, mpole, hakosei. Nani anaweza kufanya kazi na mtu wa namna hiyo?

Mimi shida yangu ni vyumba. Mke wangu atajifungua mwezi ujao, na chumba chetu cha kupanga hakina hata pa kuweka kapu la mtoto. Nilimwahidi.

Lakini bahati haijanitupa. Mchana nimempa muuza vyuma chakavu pasi ya mkaa (ya Mjomba, haitumii), naye kanipa taa. Si taa ya kumulikia njia! Ina lenzi na vioo vitatu vilivyochongwa alama za kale. Unapachika kioo, unawasha, alama zinaangukia kitu, na kitu kinatii. Alimulika msumari uliopinda, ukanyooka mbele ya macho yangu. Katika sanduku la taa kila kioo kina jina lake: Kaza, Legeza, Panua. Akanipa na karatasi ya maelezo. Nene, safi. Nimeikata iwe kipimo cha kola.

Vioo nimevilaza kifudifudi, kama fundi yeyote mwenye akili anavyolaza kitambaa: uso chini, alama upande wa ndani.

Jumanne, 4 Machi

Sindano alipokwenda kunywa chai nikamulika koti lake kwa Legeza. Mishono yote, bila huruma.

Jioni Mjomba akafanya lile jaribio lake la kushika mshono kwa mikono miwili na kuvuta mpaka mishipa ya shingo imtoke. Nikajiandaa kusikitika. Mshono haukutikisika! Akamwita muuza vifungo wa duka la pili, wakavutana, huyu huku na yule kule, kama watu wanaogombea godoro. Wapi! Mjomba akasema tangu azaliwe hajaona mkono kama huo. Akasema nikiwa palepale nimekaa, nasikia kwa masikio yangu.

Jumatano, 5 Machi

Nimemulika koti langu kwa Kaza. Nilipolitundika, mkono wa kushoto ukaanguka. Kisha mfuko. Kisha mkono wa kulia, polepole, kama unaaga.

Mjomba akauliza kama nashona kwa uzi au kwa mate. Sindano akanisogelea, akasema taratibu kwamba kaka, acha nikusaidie, bado siku mbili tu. Kunisaidia! Mimi! Dharau ya kiwango hicho sijapata kuiona. Nimemwachia ashone mikono yote miwili na kola, ili nimchoshe.

Mjomba anatafuta pasi. Nimemsaidia kutafuta.

Alhamisi, 6 Machi

Mke wangu kaniuliza tena kuhusu kapu. Nikaona nimfurahishe bila kungoja Jumamosi. Nikamulika chumba kwa Panua.

Sasa kitanda kinagusa kuta tatu. Kabati halifunguki. Mlango unafunguka nusu, na mke wangu kwa hali yake inabidi apite kiubavu huku amebana pumzi. Hakupiga kelele. Alikaa kitandani, akashika tumbo, akauliza mtoto atalala wapi. Hapo niliumia, sisemi uongo.

Kisha akauliza kama nilisoma maelezo, na huruma yote ikaniisha.

Ijumaa, 7 Machi

Mke wangu amepekua mfuko wangu wa kazi! Kaikuta karatasi ya kola, kaisoma yote isipokuwa pale nilipokata shingo. Eti vioo huwekwa uso juu. Eti vikilazwa kifudifudi kazi huja kinyume. Akaniomba nigeuze tu, kwa ajili ya mtoto.

Sigeuzi! Mtu ambaye hajashika chaki hata siku moja hawezi kunifundisha kulaza kitu. Nimemwambia hivyo.

Lakini na mimi nina akili zangu. Kama kazi huja kinyume, basi Legeza italikaza koti langu. Hakuna haja ya kugeuza kioo, wala ya kumwambia mtu kwamba alisema kweli. Nimepachika Legeza kifudifudi na taa nimeiweka juu ya kabati. Kesho ni kuwasha tu. Sasa naenda kuoga kwa amani.

Jumamosi, 8 Machi

Niliwasha asubuhi. Nilimulika kiwiliwili tu. Mikono na kola ni kazi ya Sindano, sikutaka kumzidishia sifa.

Hakimu akavaa. Akajitazama kwenye kioo, akaridhika, akainua mkono kama anayegonga nyundo mahakamani. Koti likafumuka! Mgongo ukaenda zake, kifua kikaenda zake, vifungo vikakimbilia chini ya meza. Hakimu akabaki na mikono miwili na kola shingoni.

Kisha akavaa la Sindano. Akainua mikono, akainama, akachuchumaa. Haukukatika hata uzi mmoja. Mjomba akamkabidhi ufunguo.

Mke wangu alikuwa amesimama mlangoni. Sikuweza kumtazama.

Na hapo, mbele ya Hakimu, Sindano akasema yeye anaishi na mama yake, vyumba vya uani havihitaji, kaka na wifi wahamie, mtoto apate dirisha. Kunihurumia hadharani! Nikafungua mdomo nikatae. Nilipogeuka, mke wangu alikuwa ameshakwenda kufunga mizigo.

Jumapili, 9 Machi

Tumehamia. Sindano amefagia vyumba mwenyewe na kutushonea mapazia. Uchokozi mtupu. Mke wangu anaimba tangu asubuhi. Kapu ameliweka chini ya dirisha, akalitazama kwa muda mrefu.

Nimefungua taa. Kioo cha Legeza kimegeuzwa, uso juu! Nikauliza nani kagusa. Mke wangu akakiri bila haya kwamba alikigeuza Ijumaa nilipokwenda kuoga, alitaka kunisaidia, hakujua nimebadilisha kioo. Basi aliyeniponza nimemjua! Taa haina kosa, na mkono wangu hauna kosa. Kosa ni watu kugusa vitu vya fundi.

Nimemsamehe. Nitamjibu kwa vitendo. Vyumba si vibaya, lakini mtoto wangu anastahili nafasi zaidi. Mke wangu yuko mbele na wifi yake, nasikia wanacheka. Watashangaa. Nimekichukua kioo cha Panua, nimekipangusa vumbi, nimekilaza kifudifudi, kama fundi yeyote mwenye akili.

Nawasha.