Kitambi cha Pamba

Jumatatu, 4 Julai 1983. Bunda.
Nimepimwa zahanati. Kilo hamsini na mbili, na viatu. Nesi Jenoveva, ambaye nataka kumuoa, kasema leo hajapima mtu mwenye afya kuliko mimi: natembea, nalima, nakula dagaa, nalala. Kasema mwili wangu ndio huu, niupende. Maneno ya manesi! Jumapili naenda kwao Mugango, baba yake, Mzee Bernado, anione. Masatu dereva wa lori naye kapeleka posa. Masatu ana kitambi, kinaingia mlangoni kabla yake. Mimi mwalimu mzima, suruali nafunga kwa kamba. Nani atanipa binti?

Jumatano, 6 Julai.
Mpango! Shamba langu la Kabasa limejaa pamba. Nimeshindilia foronya, nikaifunga tumboni kwa khanga ya marehemu mama, shati juu yake. Bwana mkubwa kabisa! Nimepita sokoni kujaribu. Watu wawili wameniamkia shikamoo. Mmoja kanizidi umri. Nimeitikia.

Ijumaa, 8 Julai.
Jenoveva kanikuta njiani. Kauliza kama ni bandama. Nimesema ni shibe. Kauliza mwaka huu wa shida shibe nimeitoa wapi. Kanisihi Jumapili niende nilivyo. Nimemwahidi. Kuahidi si kazi.

Jumapili, 10 Julai. Mugango.
Aibu. Aibu tupu! Mzee Bernado kanikaribisha, kisha macho yakaganda tumboni. Kasema hapa miezi minne sasa hawajaona sukari wala sabuni, na wahujumu uchumi wanaoficha bidhaa wanakamatwa kila siku. Mwalimu mwenye tumbo hili kaficha nini? Juzi kamkataa Masatu kwa kitambi hichohicho. Akatuma mtu amuite mgambo. Hapo mdudu mwekundu akachungulia kolani kwangu. Wa pili akamfuata. Mzee naye mkulima. Kauliza mdudu wa pamba anafanya nini shingoni mwa mwalimu.

Mgambo kaniamuru nivue shati. Pamba yote mkekani, kando ya sahani ya sato. Mbavu zangu nje, watoto wanazihesabu kwa sauti. Jenoveva kainama, mabega yanamtikisika. Sijui alikuwa analia au anacheka. Nilitamani ardhi inimeze.

Mzee kanizunguka mara mbili. Kasema kumbe kijana mkavu hivi, kama yeye alivyokuwaga. Kanipeleka ziwani kuvuta kokoro, wavu mrefu wa samaki. Nimevuta mpaka jioni, vijana wenye vifua vipana wakakaa chini kupumzika. Mimi wala sikuhema.

Jumanne, 12 Julai. Bunda.
Posa imekubaliwa! Nimelia, nakiri. Jenoveva ana sharti moja: siku ya ndoa nije kanisani na mwili wangu mwenyewe. Kasema huo ndio alioupenda, mwingine hana haja nao. Maneno matamu kuliko yote niliyowahi kuambiwa. Nimejifunza. Tumbo la bandia sivai tena maishani.

Nimejaribu suti ya kuazima. Tumboni imenikaa vizuri. Mabegani inapwaya sana. Pamba hapana, ina wadudu. Nyuma ya shule kuna msufi, na sufi haina wadudu. Nimeshachuma nusu gunia.