Mshonahadithi na Ng'ombe Wangu Kumi na Wawili

Leo nimeumbuka, na mashahidi nawajua wote kwa majina. Wa hapa kwetu, kijiji cha Kwanza: mimi Kukhu Robai, yaani nyanya, Simiyu mwanangu, na Nafula binti yake, ndiye anaposwa. Wa kutoka Kamukuywa: Wafula mchumba wake, mzee Kisiangani baba yake mdogo, ndiye msemaji wao, na Rispa shangazi yake. (Pasta Khaemba alikuja, akaomba, akala, akaenda mapema. Huyo Mungu alimhurumia, hakuona kitu.)

Shahidi wa mwisho si mtu. Ni kidude kinaitwa Mshonahadithi, Simiyu alikileta mwaka jana kutoka Kitale. Kinakaa mezani kama redio. Kila unachosimulia mbele yake kinakishona na ulichosimulia zamani, ili hadithi za nyumba zisipishane sisi wazee tukiondoka. Kisa kikipasuka, kinapiga mluzi na kukuuliza. Mimi nilikidharau. Mimi nasahau nini bana? Hata majina ya ng'ombe nayajua!

Tukafika pale pa kutaja koo, maana kwetu watu wa damu moja hawaoani. Mzee Kisiangani akaniuliza kwa heshima, "Kukhu, wewe ni binti wa nani?"

Nikaweka kitambaa sawa kichwani. Nikajibu vile nimejibu miaka yote: "Mimi ni binti wa Wekulo wa Malakisi, mwenye mashamba ya tumbaku. Marehemu mume wangu alinililia miezi sita, akanitoa kwa ng'ombe kumi na wawili!"

(Nani aliniuliza mambo ya ng'ombe? Mdomo huu!)

Rispa akaweka kikombe chini. "Wekulo wa tumbaku? Si huyo ndiye alimzaa mama yangu, nyanya yake Wafula! Basi hawa watoto ni ndugu. Ndoa hakuna. Wafula, chukua koti twende."

"Shangazi, mimi siendi," Wafula akasema, lakini mkono ulikuwa umeshatwaa koti.

Nafula alianza kulia. Kulia kwa kweli, kule kusikokuwa na sauti.

Nikarukia, "Ni Wekulo mwingine!"

Mluzi! Kidude kikasema, polepole kama karani wa kanisa: "Kukhu, Krismasi ulisema Malakisi nzima ilikuwa na Wekulo mmoja."

"Basi alinilea tu, ndiyo maana mahari ikaenda kwake."

Mluzi! "Kukhu, wakati wa mavuno ulisema ng'ombe wenu wa kwanza mlinunua baada ya kumzaa Simiyu. Hao kumi na wawili walitoka wapi?"

"Simiyu, zima hicho!"

"Mama, si ujibu tu?"

Nikamtazama Nafula. Nikaona heri niaibike mimi mzee kuliko yeye aachwe.

"Mimi si binti wa Wekulo," nikasema. "Baba yangu ni Makokha, mchimba visima, hata kuku hakuwa naye. Kwa Wekulo nilikuwa msichana wa kazi. Nilianika tumbaku, nikabeba watoto. Mume wangu hakunililia. Mimi ndiye nilimfuata kwa miguu mpaka hapa Kwanza, na aliponiona nakuja na mzigo kichwani, alijificha kwenye ghala la mahindi. Siku mbili! Kiu ndiyo ilimtoa."

Safari hii kidude hakikupiga mluzi. Taa yake ikawaka kijani.

Rispa hakutosheka. "Kukhu, unasema hivyo ati uokoe harusi."

"Watoto wa Wekulo niliwaogesha kwa mikono hii," nikamwambia. "Nyongesa. Naliaka. Na kitindamimba, Nanjala, nilimbeba mgongoni. Siku moja alitafuna jani la tumbaku akanitapikia shingoni."

Rispa akapiga makofi. "Nanjala ni mama yangu! Hiyo ya tumbaku alituchekesha nayo mpaka akafa." Kisha akakunja uso. "Ngoja. Wewe ndiye yule Robai alitoroka na sufuria ya nyumbani?"

Ee Mungu wangu. Hiyo sikuwa nimemwambia mtu. Hata kidude!

Kikalia, si mluzi tena, ni kama kengele: "Visa viwili vimeshonana."

"Sufuria ya nyanya yangu iko wapi?" Rispa akauliza, kidole juu.

"Ni hiyo imepika chai unayokunywa, mwanangu."

Mzee Kisiangani alicheka akapaliwa, Simiyu akampiga mgongo. Rispa akasimama. Nikajua sasa napigwa. Akanikumbatia! "Ulimbeba mama yangu," akasema, na akalia, na mimi nikalia, na Wafula akatundika koti lake tena.

Ndoa ipo! Ng'ombe wametajwa, wa kweli, wenye miguu. Rispa ameondoka na sufuria yake chini ya kwapa, kwa hivyo mkija harusini njooni na zenu.

Nyinyi mliokuwepo, kama nimekosea jina au mahali, nisahihisheni hapa hapa. Ila zile siku za ghalani naomba zibaki mbili. Zilikuwa tatu.