Uongo Usio na Kibali

Siku benki ilipotangaza kwamba zama za uongo zimekwisha, meneja wa tawi alisoma tangazo hilo kwa kipaza sauti, ingawa wasikilizaji wake walikuwa makarani wachache na mlinzi wa mlangoni. Makarani walimwita Bwana Maadili. Yeye alidhani wanamheshimu.

Wa kwanza kusafishwa alikuwa karani wa dirisha la mbele, mama wa mtoto mchanga. Wifi yake alikuwa amemleta mtoto kwenye ngazi za nyuma, mtoto analia njaa mpaka sauti inakauka. Karani akawaambia wateja, "Samahani, mtandao umekatika," akafunga dirisha, akaenda kunyonyesha. Mtandao ulikuwa mzima. Bwana Maadili alimfukuza siku hiyohiyo kwa kukosa uaminifu, na usiku akalala fofofo.

Karani hakulala. Mshahara ule ndio uliolisha nyumba nzima, wifi akiwemo. Alikwenda mahakamani kuomba uamuzi upitiwe upya.

Bwana Maadili alifurahi mno. Kwa muda mrefu alikuwa akitamani kuifafanua sera yake mbele ya watu wa kiwango chake. Alinunua tai mpya, akapanda kizimbani, akaapa kwa sauti iliyosikika hadi barabarani.

"Siku hiyo mtandao ulikuwepo?" aliuliza jaji, mama mtu mzima aliyevaa miwani kwenye ncha ya pua.

"Ulikuwepo, Mheshimiwa. Tangu nishike tawi hili, mtandao haujakatika hata mara moja."

Watu walitazamana. Mpiga chapa wa mahakama aliacha kupiga chapa.

"Mwezi uliopita nilikuja kuchukua karo ya mjukuu wangu," jaji alisema taratibu. "Ulitoka wewe mwenyewe ukaniambia, mama, mtandao unasumbua, pitia kesho."

"Ule ulikuwa ukatikaji wa kiutawala, Mheshimiwa." Alishangaa jambo jepesi namna hii kumtatiza msomi. "Foleni ikizidi, au fedha zikipungua, meneja hutamka kwamba mtandao umekatika. Hiyo ni nyenzo ya taasisi. Huyu aliitumia kwa shughuli binafsi, tena bila idhini. Ni sawa na kuchukua gari la ofisi ukaendea sokoni."

"Kwa hiyo kosa lake si uongo."

"Hapana, Mheshimiwa. Kosa ni uongo usio na kibali."

Wakili wa benki alijifunika uso kwa jalada. Bwana Maadili alimwonea huruma, akadhani ni kichwa kinamuuma.

Jaji alimgeukia karani. "Mtoto alishiba?"

"Alishiba, Mheshimiwa."

Hukumu ilikuwa fupi. Jaji alieleza kwamba, akiwa mteja wa benki ile, alipaswa kujitoa kwenye shauri, ila ameulizia na hakuna jaji hata mmoja pale ambaye hajawahi kuambiwa apitie kesho. Karani arudishwe kazini. Na sera ya kufukuza waongo, kwa kuwa ni nzuri, itumike kwa vyeo vyote.

Makao makuu hayakutaka kudharau mahakama. Bwana Maadili alipoletewa barua ya kufukuzwa aliitambua mara moja, maana maneno yote alikuwa ameyatunga mwenyewe.

Wiki iliyofuata alipanga foleni kuchukua kiinua mgongo chake. Alipofika dirishani alimkuta yuleyule karani.

"Habari za nyumbani, bosi?"

"Nzuri tu." Akashusha sauti. "Mtandao upo?"

"Upo, bosi. Mzima kabisa."

Akashusha pumzi. Kwenye ngazi za nyuma mtoto alianza kulia.

"Ila mwanangu ameletwa, naenda kumnyonyesha," karani alisema. "Utanisubiri kidogo." Akageuza kibao cha dirisha, akaondoka zake bila haraka.

Bwana Maadili aliangaza huku na huku akitafuta meneja wa kumlalamikia.

"Usihangaike, ndugu yangu," alisema mteja aliyekuwa nyuma yake. "Meneja wamemfukuza. Alikuwa mwongo."