Funda Moja la Maji ya Ziwa

Jumatatu, 18 Agosti

Siku tatu kabla ya Igihu, siku yetu ya ukungu. Alhamisi asubuhi ukungu utapanda kutoka ziwani, mweupe na mzito, ukae juu ya mawe ya Nkanka mpaka kengele ya saa tatu. Sentensi moja uliyoliambia jiwe lako mwaka jana itasikika tena, kwa sauti ileile. Mara moja tu. Mtu akisema neno kabla haijaisha, imepotea.

Odette wangu aliacha sentensi yake mwaka jana. Mwezi wa tatu akafariki. Sentensi bado inangoja, na mimi sijui jiwe lake ni lipi. Mume mzima! Siku ile nilikuwa upande wa pili wa ufuo nakinga ukungu kwa bidoni sita za maji, tuje tuusikilize nyumbani tumekaa. Nilipozifungua, zote sita zilikuwa na kikohozi cha mvuvi mmoja.

Jumanne, 19 Agosti

Anayelijua jiwe ni Mukagatare, dada yake Odette. Alimsindikiza, akaziba masikio kama desturi inavyotaka. Nimempelekea sambaza, dagaa wetu wa ziwani, wa kukaanga, sahani imejaa. Akala wote, akashukuru, akasema jiwe atamwonyesha Benitha peke yake. Benitha ni binti yetu, anafundisha shule Bugarama. Anafika kesho.

Nikauliza kosa langu. Akasema tangu tuoane hajawahi kumsikia dada yake akimaliza neno mbele yangu. Uongo mtupu! Nikaanza kumtajia siku ambazo Odette alimaliza. Akaondoka nikiwa kwenye ya kwanza. Watu wengine hawajui kusikiliza.

Mpango mpya umeshapatikana. Rangi nyeupe ipo.

Jumatano, 20 Agosti

Kufikia saa mbili asubuhi nilikuwa nimeandika jina letu, FAMILIA KABERA, kwenye mawe kumi na manne. Moja lazima liwe lake!

Saa nne akaja Mzee Muhigirwa wa kamati ya Igihu, na ndoo na brashi. Akasema kesho nisikanyage ufuoni. Nikasugua mawe yote, watu wakitazama. Benitha akanikuta nimepiga magoti. Akachukua brashi ya pili, tukasugua bila kusema. Yaani yeye bila kusema.

Kwenye jiwe la mwisho akaniambia: "Papa, nilipanga niende mie. Sasa enda wewe. Ila funda usilimeze mpaka Maman amalize, kisha uje uniambie yote yenye atasema."

Nililia. Naandika bila aibu. Benitha hakuwepo mama yake alipokata roho, alikuwa darasani, na bado ananiachia mimi. Alikwenda mwenyewe kuniombea kwa Mzee Muhigirwa, kisha kwa Mukagatare. Wakakubali.

Funda ni hivi: kila mtu huingia ukunguni na funda moja la maji ya ziwa mdomoni, ulimi upate kutulia. Sauti ikiisha, unameza, unasema sentensi yako, unatoka. Nimefanya mazoezi jikoni. Nimefika dakika tano!

Alhamisi, 21 Agosti

Imekuwa hivi. Hakuna mtumbwi majini, hakuna moto, hakuna redio. Ukungu ulipanda mpaka kwenye migomba. Watu mia mbili ufuoni, na ungeweza kusikia mtoto akivuta kamasi. Mukagatare alinishika mkono wa shati, akaniongoza hadi kwenye jiwe dogo bapa chini ya mikaratusi. Sikuwa nimelipaka rangi.

Nikasimama, funda mdomoni. Kisha nikamsikia. Karibu yangu, kama yuko upande wake wa kitanda.

"Papa Benitha, sikia mpaka mwisho, tumekala pamoja miaka makumi tatu na moja, na kitu sijapata nafasi ya kukuambia ni..."

Nikameza.

"Makumi tatu na mbili," nikasema.

Sauti ikakatika hapohapo. Nilingoja mpaka kengele. Nilimwita kwa jina. Nilisema samahani, bisha wewe, naweza kuwa nimekosea. Ukungu ukaondoka na kila kitu, nikabaki natazama maji.

Njiani nilikuwa nimeshatunga kitu kizuri cha kumwambia Benitha, kwamba mama yake alimbariki. Sikuhitaji. Ufuo mzima ulinisikia nikisema ile namba. Benitha aliniuliza tu kama sauti ilikuwa ya mama yake kweli. Nikasema ndiyo. Akaingia chumbani, akafunga mlango.

Ijumaa, 22 Agosti

Benitha amerudi Bugarama. Chai yake ilibaki mezani.

Jumamosi, 23 Agosti

Nimefungua sanduku la Odette kwa mara ya kwanza. Chini ya vitenge kuna cheti chetu cha ndoa, kutoka Bukavu. Nimehesabu kwa vidole, kisha kwa maharagwe. Mpaka mwaka jana ilikuwa thelathini na moja.

Nimekaa na cheti mapajani mpaka jua limezama. Mukagatare alipita, akakiona, akaketi karibu nami. Nilimshukuru moyoni.

Lakini cheti hakihesabu mwaka wa uchumba! Ukiuweka, ni thelathini na mbili kamili. Nimemweleza Mukagatare. Ameondoka. Odette angeelewa kama ningepata nafasi ya kumfafanulia, na nafasi ipo: mwakani, jiwe lilelile, sentensi yangu moja. Nimeanza kuiandika jioni hii. Iko ukurasa wa tatu, na bado sijafika kwenye harusi.