Kitabu Kilichomtia Babu Yangu Kihengeni

Alute Mughwai,
Kijiji cha Mungaa,
Ikungi, Singida.
Jumatatu asubuhi.

Bi. Anifa Luqmani,
Mkutubi,
Maktaba ya Mawe Matatu,
Singida Mjini.

YAH: OMBI LA KUNYAMAZISHA KURASA TANO KABLA YA JUMAMOSI

Ndugu Mkutubi,

Marahaba. Nimeitikia shikamoo yako kabla hujaitoa, maana nina haraka. Naamini hujambo, na vitabu vyako havijambo, isipokuwa kimoja.

Husika na kichwa cha habari hapo juu. Mjukuu wangu Magdalena, wa kidato cha tatu, aliazima kwako kitabu kilichokusanya masimulizi ya wilaya yetu, kila tukio likielezwa na watu wa pande mbalimbali. Jalada ni zuri. Mimi mwenyewe nimo, ukurasa wa 40, nikieleza jinsi babu yangu Mughwai, enzi za Mwingereza, alivyomfukuza karani aliyekuja kuchukua dume letu la ng'ombe kwa nguvu ili akamfurahishe mkubwa wake. Alimfukuza kwa fimbo moja. Fimbo hiyo ninayo mpaka leo, nene, imechakaa ncha zote mbili kwa sababu ya vichwa ilivyokutana navyo. Hapo kitabu kingefungwa, watu wakalale. Lakini hapana, kinaendelea.

Malalamiko yangu ni haya:

1. Tukio moja limepewa wenyewe watatu. Baada yangu anafuata Philipo wa Kintinku, mjukuu wa yule karani, anayedai kwamba babu yake hakufukuzwa na mtu, alikumbuka tu kuwa ana shughuli nyingine. Huyo nimemsamehe. Aliyeshindwa ana haki ya kukumbuka shughuli. Tatizo ni wa tatu, jirani yangu Bi. Mwanvua, ambaye marehemu mama yake aliona kisa kizima kutoka uani kwao. Anasema babu alipoiona kofia ya karani aliingia kwenye kihenge cha nafaka akajifunika, na aliyesimama mlangoni pa zizi akiwa na mchi wa kutwangia ni mke wa Mughwai. Mke! Nimekiuliza kijiji kizima faida ya kuandika jambo kama hilo. Wote walikuwa wanagombea zamu ya kusoma.

2. Ugonjwa umeingia nyumbani. Magdalena hukisoma kwa sauti wakati wa chakula. Mke wangu, mwanamke mtulivu kwa miaka arobaini na minane, sasa ameanza kukumbuka. Siku zote nimewaeleza watoto kwamba nilimchagua yeye kati ya wasichana sita. Yeye anasema hao wengine watano walikuwa wamenikataa kwanza, na anawataja kwa majina. Juzi mbuzi alikula miche ya alizeti. Nilipotoa hukumu, Magdalena aliuliza kama upande wa mbuzi umesikilizwa. Ukasikilizwa. Ikabainika kwamba aliyeacha lango wazi ni mimi.

3. Kidari. Wewe ni mtu wa mjini, huenda nyama unaijua kwa kilo tu, kwa hiyo nikueleze. Kwa desturi ya ukoo wetu, kwenye harusi ng'ombe akishachinjwa (huchinja Idrissa, ili Waislamu na Wakristo tule sahani moja), kidari, yaani nyama ya kifua, hupewa yule anayesimama kusimulia asili ya ukoo. Nimekila kidari hicho miaka thelathini. Mwezi uliopita, kwenye harusi ya kijana Miraji, nilimaliza kusimulia nikanyoosha mkono, vijana wakasema ngoja kwanza mzee, tusikie na upande wa Bi. Mwanvua. Watu walicheka mpaka wengine wakashika mbavu. Kidari kikakatwa vipande viwili. Bi. Mwanvua ana meno manne.

4. Usalama wa taifa. Tukiruhusu mambo haya, kesho wapagazi watasimulia misafara, wapishi watasimulia vita, na wake za machifu watasimulia machifu. Atabaki shujaa gani? Alhamisi nilipanda bodaboda nikaja kukagua rafu yako yote ya historia na utamaduni. Wewe ulikuwa umekwenda kula. Nilikuta ugonjwa ni ule ule: kila kitabu kina mtu anayesema kwamba naye alikuwepo. Nilisoma vinne ili nipate uhakika, na basi la mwisho likaniacha.

Kwa hiyo naomba kurasa za 43 hadi 47, zile za Bi. Mwanvua, zibandikwe pamoja kwa gundi. Ikishindikana, iandikwe kwenye jalada, kwa wino mwekundu, kwamba wanawake waliokuwepo siku ile hawakuona vizuri kwa sababu ya vumbi. Hata hilo likishindikana, basi aulizwe yule dume, maana ndiye pekee ambaye hajatoa upande wake.

Usinione mkorofi, binti yangu. Jumamosi hii mjukuu wangu mkubwa, Catherine, anaolewa, nami natakiwa kusimama mbele ya wageni na fimbo mkononi. Nina miaka sabini na minne. Sina shamba kubwa wala ng'ombe wa kutajika, nina kisa hiki tu. Nikinyang'anywa nitakuwa mzee aliyekalishwa kwenye kiti cha plastiki, anayeulizwa kama ameshakula. Naogopa, nakwambia ukweli.

Nisalimie wazazi wako, wasomaji wote waliokaa kimya, na yule dada anayefagia, aliyeniazima miwani yake.

Wako katika kuutetea ukweli ulio mmoja tu,

Alute Mughwai
(Msimulizi)

Nakala: Bi. Mwanvua (asomewe polepole).

Nyongeza: Ukurasa wa 45 una kosa, lirekebishwe haraka. Babu hakuingia kihengeni. Mwaka ule mavuno yalikuwa mazuri, kihenge kilijaa uwele hadi mdomoni, hata panya asingepata nafasi. Alijificha uvunguni mwa kitanda. Najua kwa sababu bibi alinionyesha mahali penyewe nikiwa na miaka tisa, akacheka mpaka machozi yakamtoka, kisha akaniomba nisimwaibishe mzee maadamu yu hai. Mzee tulimzika mwaka 1968. Tangu siku hiyo nilipaswa kusema, kidari kikanizuia. Fimbo ile ni mchi, na ncha zake zimechakaa kwa kutwanga. Tena kitabu chako kimemwita bibi 'mke wa Mughwai' kurasa tano nzima, kana kwamba hakuwa na jina. Aliitwa Magdalena. Huyu wetu amerithi kwake. Andikeni.

Naomba niongezewe wiki moja ya kukaa na kitabu, maana Jumamosi tutaanza na upande wa Bi. Mwanvua, na mchi atashika Magdalena. Kidari nimeagiza kichemshwe sana, kwa ajili ya yale meno manne.