Siku Sita Nilizomhesabia Mkwe Wangu

Jumatatu, 3 Machi

Nimezijua siku! Siku zenyewe za kushika mimba! Ni sita tu kwa mwezi, na watu wazima wawili waliosoma wanazikosa mwaka wa tatu huu. Haya, sasa salamu. Daftari, hujambo? Mimi sijambo sana.

Nilikwenda kliniki kupima presha. Iko juu kidogo, si kitu. Benchi la mbele nesi alikuwa anawafundisha wake vijana habari za kupata mtoto. Sikualikwa. Nilisogea. Nesi alisema unahesabu kuanzia siku ya kwanza ya damu, na siku ya kumi na nne yai la mwanamke linatoka. Likitoka halimalizi hata siku mbili. Lakini mbegu ya mume inaweza kungoja ndani mpaka siku tano. Kwa hiyo siku zenye maana ni hizo tano na siku ya yai yenyewe. Sita! Nikapiga makofi peke yangu. Nesi akasema, "Lakini..." na hapo hapo nikaitwa dirishani kuchukua dawa. Nyumbani mayai yalikuwa yananingoja niyageuze. Nikaondoka. La maana nilishalipata.

Na nani wa kunifundisha mimi mayai? Miaka kumi na moja natotolesha vifaranga kwa mashine, pale stoo, mayai mia moja na ishirini kwa mkupuo mmoja. Kila yai siku ishirini na moja. Sijaona yai lililokuja na habari zake binafsi. Na shule niliishia darasa la saba.

Mkwe wangu, Mwalimu, anafundisha hesabu. Jumamosi tarehe moja alikuja kuazima chupa ya maji moto, tumbo linamkata. Sikuuliza kitu. Niliandika. Basi siku ya kumi na nne ni Ijumaa, tarehe 14. Siku sita zinaanza Jumapili, tarehe 9.

Na zisipotumika hizi hakuna nyingine karibuni. Tarehe 23 mwanangu anasafiri kwenda kufunga lifti kwenye jengo la ghorofa thelathini. Mkataba wa miezi sita. Kazini wanamwita fundi. Mimi namwita Injinia, kwa sababu nimemzaa. Juzi nilimkuta Mwalimu analia jikoni, akasema ni vitunguu. Hakukuwa na kitunguu hata kimoja.

Kuwaambia siwezi. Mama atamwambiaje mwanawe wa kiume mambo ya chumbani? Nitawapangia kimya kimya. Mzee, mume wangu, nilimweleza mpango wote. Alikunja gazeti, akasema niwaache watoto wa watu. Akalikunjua tena.

Jumapili, 9 Machi

Siku ya kwanza. Wanakaa vyumba viwili vya uani, kwa hiyo naona kila anayeingia na kutoka. Tatizo ni simu ya Injinia. Watu wakikwama kwenye lifti huko mjini, yeye ndiye anaitwa, iwe Jumapili, iwe alfajiri. Nikampigia msimamizi wake. Nikamwambia mwanangu tumbo limemwendea vibaya, apumzike mpaka Ijumaa. Msimamizi akasikitika, akasema Injinia ni kijana wake muhimu mno. Nilijua! Nikamwomba arudie, nikaweka simu kwenye spika Mzee asikie.

Jumatatu, 10 Machi

Msimamizi alimtumia Injinia ujumbe kwamba asije kazini. Injinia akashangaa. Nikamwambia mabosi wengine wana huruma tu, usichunguze.

Saa kumi jioni wakaja wenzake watano kumtazama mgonjwa. Machungwa, ndizi, juisi. Mgonjwa walimkuta juu ya ngazi anatengeneza mfereji wa paa. Ikabidi akae. Ikabidi nao wakae. Bibi Mapacha wa nyumba ya pili aliona machungwa yanapita, akaja mbio kuuliza nani anaumwa. Huyu mwaka jana alipata wajukuu mapacha, na tangu hapo hana mazungumzo mengine. Akakalia kiti changu kizuri. Akasema mkwe wake alishika mwezi wa kwanza wa ndoa, tena bila kuhangaika. Akamtazama Mwalimu. "Wengine wana damu nyepesi, mimba haikawii," akasema. Mwalimu akainuka kuosha vikombe ambavyo havijatumika.

Nikamwambia Bibi Mapacha kwetu hatufanyi vitu kwa pupa, ndiyo maana Injinia alitoka na kichwa kile. Akajibu kwamba kichwa cha mtu mmoja kimoja, kwake amepata viwili kwa mpigo.

Waliondoka saa tatu usiku. Siku nzima imeliwa na machungwa.

Jumatano, 12 Machi

Mwalimu amerudi na mitihani arobaini na mitatu ya darasa la tano. Husahihisha kitandani! Mume pembeni, kalamu nyekundu mkononi, mwezi unakwenda. Akiwa anaoga, niliichukua yote. Nikamwachia kikaratasi kwamba leo apumzike, mama yupo.

Nimeisahihisha mwenyewe yote. Kazi rahisi. Watoto wana mwandiko mzuri. Wengi nimewapa vyema, kwani kuna haja gani ya kuwavunja moyo?

Alhamisi, 13 Machi

Mwalimu alikuja na mitihani kifuani. Kwanza alinishukuru, amelelewa yule. Kisha akasema kwa upole kwamba saba mara nane si hamsini na nne, hata wakikubaliana watoto kumi na mmoja na mama mkwe. Akasema pia kuna mtoto amepata mia na tatu kwa mia. Nikamwambia huyo ana bidii.

Ataisahihisha upya. Leo na kesho. Siku mbili za mwisho! Nikamwambia kuna mambo ya haraka zaidi duniani kuliko mitihani. Akatabasamu, akasema wiki hii hana haraka yoyote, haraka itakuja wiki ijayo. Sikumwelewa. Hesabu nyingi huchosha akili.

Jumamosi, 15 Machi

Siku sita zimekwisha, na pamoja na machungwa na mitihani naamini kitu kimeshika. Sasa ni kulinda. Yai nililoweka mashineni silitingishi hovyo hata kidogo, na mtu ni hivyo hivyo. Mwalimu anatakiwa atulie. Injinia inabidi alale mahali pengine mpaka asafiri.

Nikachomoa fyuzi ya mashine. Nikaitia kwenye mfuko wa gauni. Nikamwita Injinia, nikamwambia mashine imezima na mayai yana siku kumi na tatu, na mimi ni mwanamke mzima mwenye presha, nani atakesha nayo? Amehamia stoo, godoro na yeye mwenyewe. Mtoto mtiifu! Sijui wengine wanalea vipi.

Jumatatu, 17 Machi

Jana alinunua fyuzi nyingine, mashine ikawaka. Nikalegeza waya. Akaukaza. Leo asubuhi nimetumbukiza kipimajoto kwenye chai, kikasoma joto la kutisha, akafungua mashine yote vipande vipande sakafuni. Alimwambia baba yake kwamba lifti ya ghorofa thelathini haimtishi, kinachomtisha ni sanduku la mama. Mzee alinitazama muda mrefu juu ya miwani.

Mwalimu alikuja mlangoni mara mbili. "Mama, mashine bado?" Bado, mwanangu, nenda kalale. Alikuwa amevaa lile gauni la buluu na amejipulizia manukato. Siku ya kazi! Nikamwambia akaoge, harufu kali si nzuri kwake kwa sasa. Akaniuliza kwa sasa kuna nini. Nikakohoa.

Jumatano, 19 Machi

Mwalimu kasema atamlipa fundi aje kukesha na mashine. Nimekataa, fundi gani anamshinda Injinia? Akasema basi yeye atahamia stoo pia. Nimekataa, vumbi la mayai litamletea mafua. Akasimama pale, mikono kiunoni, akifumba na kufumbua macho.

Godoro la stoo limeonekana. Bibi Mapacha aliuliza juu ya ukuta, kwa sauti ya kufika barabarani, "Kijana kafukuzwa?" Nikajibu mwanangu yuko kazini. Akasema kazini na mto? Mpaka adhuhuri muuza duka alikuwa ananipa pole ya ndoa ya mwanangu kuvunjika. Injinia na mkewe hawakusemeshana wakati wa kula. Yeye anadhani mkewe amefurahi kulala peke yake. Mkewe anadhani mume anapenda stoo. Sikupanga hilo.

Ijumaa, 21 Machi

Leo Mwalimu alinikuta stoo nimeshika fyuzi. Fyuzi mkononi, mashine wazi. Nilisema, "Karibu."

Akafunga mlango. Akageuza trei tupu ya mayai, akaandika mgongoni kwa kalamu nyekundu, kama nipo darasa la tano. Akasema nesi aliniambia nusu. Siku ya kumi na nne ni ya wale ambao mzunguko wao ni wa siku ishirini na nane. Wake ni wa thelathini na tano, ameuandika mwaka mzima. Na yai halihesabiwi kutoka mwanzo. Linahesabiwa kutoka mwisho, unarudi nyuma siku kumi na nne. Thelathini na tano toa kumi na nne. Akanipa kalamu nijibu. Nikaandika ishirini na moja. Akaweka alama ya vyema.

Ishirini na moja ni leo.

Siku sita zilianza Jumapili. Na Jumamosi ndipo nilipombebesha godoro. Nimemfungia mume wa mtu stoo siku tano, zile zile!

Nikasema lakini kuku wote... Akanikatiza, mara ya kwanza tangu aolewe. "Mama, mimi si kuku." Hakupaza sauti. Akasema miaka mitatu anahesabu, miaka mitatu anajificha jikoni, na keshokutwa ndege inaondoka. "Nipe mume wangu, mama."

Nikampa. Godoro nililibeba mwenyewe, kichwani, mchana kweupe, nikakatiza uani Bibi Mapacha ameegemea ukuta na mdomo wazi. Nikamwambia Injinia mashine imepona. Akauliza imeponaje. Nikasema ghafla. Mzee alichukua simu ya Injinia, akaizima, akaitia mfukoni mwake, akaniambia nikae chini nisiguse kitu chochote hadi Jumapili. Nimekaa na mashine mwenyewe. Mgongo unauma. Nimemwomba Mungu asihesabu kama ninavyohesabu mimi.

Jumapili, 23 Machi

Injinia kaondoka asubuhi. Walishikana mikono mpaka mlango wa gari. Mwalimu hakulia. Mimi nililia kwa niaba ya wote.

Mayai yametotolewa leo. Mia moja na ishirini, vifaranga ishirini na tisa. Nimempigia muuza mayai kumwambia mayai yake siku hizi ni ya ovyo.

Jumapili, 13 Aprili

KASHIKA!

Mwalimu aliniita chumbani, akafunga mlango, akanionyesha kile kijiti. Mistari miwili. Nesi naye alishampima Ijumaa, akasema ndiyo. Mwalimu alinisubiri niache kupiga vigelegele ndani ya mto, kisha tukakumbatiana tukalia sawasawa, bila kitunguu wala kisingizio. Mkwe wangu! Nilimpa mtihani, akaufaulu.

Akanipa masharti. Moja, tujue wanne tu, yeye na Injinia, mimi na Mzee, mpaka tumbo lijitangaze lenyewe. Nikaapa. Mbili, nisiweke tarehe. Nesi kasema katikati ya Desemba, labda wiki moja kabla, labda baada, hakuna anayejua siku. Nikaapa tena. Tatu, nisiguse mashine ya mtu. Hilo sikulielewa vizuri lakini niliapa.

Yeye anasema ni ile Ijumaa ya trei. Nimenyamaza kwa heshima. Lakini mtu ana haki ya daftari lake mwenyewe. Mimi nilitoa siku sita kamili, kuanzia tarehe 9 Machi, pamoja na simu kwa msimamizi na mitihani arobaini na mitatu. Kazi kama hiyo haiwezi kuwa imepotea. Miezi tisa kutoka hapo haihitaji mwalimu.

Bibi Mapacha nimemwambia peke yake, kwa kunong'ona juu ya ukuta, kwa sababu uso wake ulihitaji. Kisha dada yangu, kwa simu. Kisha kaka zangu wawili, maana dada angewaambia vibaya. Wifi zangu. Muuza duka, afute ile pole. Msimamizi wa Injinia, aliyekuwa bado anauliza hali ya tumbo. Nesi mwenyewe nimemwachia ujumbe dirishani. Wote nimewaapisha wasimwambie mtu.

Kila mtu aje na shuka lake, vitanda havitatosha. Nimewaambia wasichelewe, maana mtoto wa Injinia hatakuwa na tabia ya kuchelewa. Wanakuja wote Jumanne, tarehe 9 Desemba, kabla ya saa tatu asubuhi.